Vidole vya Mdakaji

Mimi ni fundi mitambo wa redio.
Kazi yangu ni vidole: vitano, vinne, vitatu,
kisha namnyooshea mtangazaji kimoja, aseme.
Usiku wa kwanza nilimnyooshea Asdrúbal Piñango.
Alinitazama kupitia kioo,
akatikisa kichwa,
kama mrushaji anayekataa ishara, anaomba nyingine.

Miaka kumi na sita alichuchumaa nyuma ya mpigaji,
barakoa ya chuma usoni, magoti yakilia kama bawaba kavu,
akisema na mrushaji kwa vidole alivyovificha mapajani:
kimoja, mpira wa kasi;
viwili, wa kupinda;
vinne, mwache apite, huyu hatumwezi.
Mdomo aliuweka wa kutafunia.
Barquisimeto nzima ilijua jina lake,
sauti yake hakuna aliyeijua.

Na sauti yenyewe, jamani,
ya mtu anayeulizia choo katika nyumba ya watu.
Mkurugenzi alinunua jina; jina halisemi.
Bwana Evencio, mtangazaji wetu mkongwe,
anayeuza dawa ya mende na bao la ushindi kwa pumzi moja,
alimpiga kiwiko chini ya meza: Sema kitu, mwanangu,
redio ikinyamaza watu hudhani tumekufa.
Akasema: "Ameurusha."
Kisha: "Ameudaka."
Wiki tatu. Ameurusha, ameudaka.
Wasikilizaji walipiga simu; mpokeaji mimi.
Sitayarudia hapa waliyoyasema.

Halafu Alhamisi ile, raundi ya saba, umeme ukakatika.
Taa zilizimika mnara baada ya mnara,
wa mwisho ukapepesa kidogo kama jicho lenye usingizi.
Mpira ulikuwa hewani. Hadi leo hatujui ulikoangukia.
Jenereta yetu ilikohoa, ikashika.
Evencio alikuwa ameshuka kufuata kahawa, ngazi zikammeza.
Redio ilikuwa hai; kingine chote, giza.
Niliwasha tochi ya simu, nikaumulika mkono wangu mwenyewe:
vitano, vinne, vitatu

na yeye akaivuta maikrofoni kama mtu anayevuta kiti.
"Sioni kitu. Nanyi huko nyumbani hamwoni kitu.
Basi leo tuko sawa.
Niwahesabie vidole vyangu.

"Hiki kidogo, Maracay. Niliomba wa kasi, ukaja wa kupinda.
Cha pete hakivai pete. Mke wangu atawaambia ni uvimbe,
hatawaambia alivyolia kwa sonara.
Cha kati kimevunjika mara mbili,
ya pili nikajifunga mwenyewe kwa kamba ya kiatu
kwa kuwa daktari alikuwa anakula.
Cha shahada kimepinda: nikiwaelekeza watu mlangoni
wanakwenda dirishani.
Gumba . . ."

Akanyamaza.
Nikatazama mshale: sekunde tatu, nne, saba.
Nikampungia, nikagonga kioo. Akatikisa kichwa.
Ndipo nikasikia alichokuwa anakisikia:
watu elfu tisa wamekaa gizani,
mtoto anadai maji,
muuza karanga anahesabu chenji kwa kupapasa,
na kule mbali, uwanjani, vijana wetu
wanaitana majina wasigongane.
Yote hayo yalikuwa yakienda hewani.

"Gumba," akasema, "lilikuwa zima hadi mchezo wangu wa mwisho.
Hakuna mpira uliowahi kuliumiza.
Nililibana na mlango wa gari, nje hapo, nikiondoka,
maana nilikuwa natazama nyuma."

Dakika kumi na tisa. Taa zikarudi.
Evencio aliingia na vikombe vitatu vilivyopoa,
kimoja akakiweka mbele ya Asdrúbal, asiseme neno,
yeye Evencio.
Mrushaji akapanda kichuguuni.
"Ameurusha," akasema Asdrúbal.
"Ameudaka."
Na simu haikulia.

Siku hizi simhesabii tena.
Ukifika wakati, namwonyesha viwili tu kwenye kioo,
wa kupinda.
Anacheka, anaanza.